Safari ya Cedar Falls, mji alikopanga bidhaa dukani Kurt Warner

Jumamosi ile nilitoka shifti saa kumi na mbili asubuhi nikasema leo silali, naenda Cedar Falls. Mi napanga bidhaa usiku kwenye supamaketi hapa Cedar Rapids, Iowa, na tangu nianze hii kazi nampenda sana Kurt Warner, yule gwiji wa futiboli ya Kimarekani, maana kakulia mji huuhuu na kazi yake ilikuwa hiihii.

Nikashika barabara ya 380 kwenda kaskazini, mahindi yamekauka huku na huku, mashine za kuvuna zinatimua vumbi tu. Waterloo nikampitia mzee wangu mmoja wa Bukavu, Wakongo ni wengi pale, akaniuliza njiani huyo mtu tunayemfuata hivi ni nani.

Nikamwambia mzee, kwotabeki ni yule anayepokea mpira nyuma ya wale mabonge wanaomkinga, ana sekunde mbili tatu aone nani yuko wazi amrushie, huku majitu yanakuja kumlaza. Sasa Warner chuoni hapa Northern Iowa alisugua benchi hadi mwaka wa mwisho, 1993. Mwaka 1994 hakuna timu ya NFL, ile ligi kuu ya futiboli Marekani, iliyomchagua, Green Bay Packers wakamwita kambini wakamwacha kabla ligi haijaanza, ndo akarudi Cedar Falls kupanga bidhaa usiku supamaketi ya Hy-Vee, dola 5.50 kwa saa, na mchana anasaidia kufundisha timu ya chuo.

"Kumbe naye alikuwa anapangaka maboksi sawa siye?"

Ndio mzee.

Tukaingia Hy-Vee, tukapita kule kwenye siriali, zile nafaka za asubuhi. Mzee akaona boksi moja limerudi nyuma akalivuta mbele taratibu, akaligeuza uso utazame watu, likakaa usawa na wenzake. Nilisisimka jamani, maana hicho ndo kitendo chenyewe, mara elfu kwa usiku mmoja, na yule kijana alikifanya huku bado anajiona ni kwotabeki.

Mchana tukakata tiketi UNI-Dome, uwanja wa chuo wenye paa, kelele zinarudi zote kichwani. Nikaendelea kumsimulia: 1995 akaenda Des Moines kucheza na Iowa Barnstormers mpira wa ndani, uwanja yadi 50 tu, pale ukichelewa kurusha umekwisha, na mi naamini mkono wake mwepesi ulitokea pale. 1998 akacheza Amsterdam, Uholanzi, kisha timu ya NFL ya St. Louis Rams kama kwotabeki wa akiba. Agosti 1999 Trent Green akaumia goti, kocha Dick Vermeil akampa timu. Msimu ule akarusha pasi 41 za tachidauni, yaani za kufunga!! Super Bowl, fainali ya NFL, Januari 2000 na Titans wako 16 kwa 16, zimebaki kama dakika mbili, akarusha huku anagongwa, Isaac Bruce akadaka akakimbia, yadi 73, Rams 23 Titans 16, na Warner mchezaji bora wa fainali. 2017 wakamwingiza kwenye jumba la magwiji kule Canton, Ohio.

Tunarudi kiza kinaingia mzee kanyamaza muda mrefu, nikadhani kasinzia.

"Ule mwaka wa maboksi alikuwa na miaka ngapi?"

23, mzee.

"Mutoto wangu naye ana 23."

Akatoa simu mfukoni akaanza kumpigia.