Mvua ya Tukuyu na mzee wa TAZARA

Watu wanadhani dokumentari ni picha, mi nawaambia ni sauti, picha mbovu mtazamaji anaweza kuvumilia ila sauti mbovu anahama hapo hapo.

Kipindi hicho nilikuwa nazunguka Mbeya na Njombe nakusanya simulizi za waliojenga reli ya TAZARA, nikaelekezwa kwa mzee mmoja Rungwe, nje kidogo ya Tukuyu. Mzee alijiandaa kweli, koti la suti, kofia, kakaa kwenye kochi lenye vitambaa vya kufuma. Nikambana maiki kwenye kola akaanza: ujenzi 1970, Nyerere na Kaunda, Wachina, kilomita 1,860 toka Dar mpaka Kapiri Mposhi kule Zambia, yaani yote ya kitabuni. Nikawa namsubiri amalize hotuba aje kwenye ya kwake. Kafika tu kwenye mahandaki ya kule kati ya Mlimba na Makambako, milimani ambako kazi ilikuwa ngumu kuliko kote, mvua hiyo. Wanaoijua Tukuyu wanajua mvua yake haibishi hodi. Kwenye hedifoni nasikia kama lori linamwaga kokoto juu ya bati, mzee midomo inacheza tu.

Bibi akapaza sauti toka nyuma, njooni jikoni huku kuna nyasi. Na kweli, paa la nyasi halina kelele, ila giza na moshi sasa! Nikafungua lenzi mpaka mwisho, nikapandisha ISO, ile ya kuifanya kamera inase mwanga kidogo uliopo, mpaka picha ikaanza punje punje, mwanga wangu ulikuwa moto wa kuni na mlango basi. Bibi anamenya ndizi, kisu hakisimami.

"Haya babu, tulikuwa kwenye handaki."

"Ee, tulichimba usiku na mchana..."

Bibi hata hakuinua macho. "We mzee, handaki gani tena? Si ulikuwa unapika ugali wa kambi?"

Nilijua interviu imekufa, kumbe ndo inaanza. Mzee alicheka mpaka akakohoa, akavua koti mwenyewe, akaanza kuonyesha kwa mikono walivyokuwa wanasonga ugali kwenye pipa lililokatwa, watu wawili mwiko mmoja, na siku yake ya kwanza ulivyotoka mabonge mabonge vijana wa zamu wakagoma kula. Hayo hata kwenye maktaba huyapati.

Tulipomaliza akanishika mkono. "Mwanangu, hiyo ya kupika usiiweke."

Roho iliniuma we acha tu, ila mzee wa watu huwezi kumchukulia kijanja, akikataa amekataa. Tukaongea weee, chai ikaja, ikaja nyingine.

"Basi weka," akasema, "ila useme na baadaye nilishika nyundo."

Nikamgeukia bibi.

"Alishika," akasema, "mwaka wa mwisho."