Uwanja usiofagiwa wote: kumbukumbu ya ndege wa nyumbani

Machi. Nilianza vibaya. Kila asubuhi nilimwaga makombo ya wali nyuma ya jiko, hapa Mbezi, nikitarajia ndege kama shore na pugi. Wakaja kunguru wa shingo ya kijivu. Hawa asili yao India. Waliletwa Zanzibar miaka ya 1890 ili wale taka za mji, wakavukia bara, na sasa Dar es Salaam wamejaa kila paa. Wiki ya tatu wakavamia kiota cha shore kwenye mlimao. Chini nilikuta vipande vya maganda ya mayai tu. Iliniuma sana. Makombo nikayakomesha siku hiyohiyo, na pipa la taka sasa lina mfuniko na jiwe juu yake.

Aprili. Bakuli pana la udongo, maji kina cha vidole viwili, jiwe bapa katikati ndege wapate pa kusimama. Namwaga na kulisugua kila asubuhi. Dengi ilitusumbua mjini hapa 2014 na tena 2019, na mbu wake huzaliana kwenye vyombo vya maji yaliyotulia kama haya.

Juni. Shubiri nilizopewa na jirani zimetoa maua mekundu, na chozi, yule ndege mdogo mfyonza maua, kafika! Dume, mweusi, kifua chekundu. Hajishikizi hewani, anakamata shina la ua, anainama, anachomeka ule mdomo uliopinda. Akiinua kichwa, paji limepakaa chavua ya njano.

Julai. Mama kaja kututembelea. "Mwanangu, uwanja gani huu haujafagiwa? Nyoka watalala humu." Tukakubaliana: mbele ya nyumba panafagiwa mpaka alama za chelewa zionekane, nyuma ya mlimao majani yanabaki. Siku ya nne alikuwa Mama mwenyewe aliyeniita dirishani, kwa kunong'ona: kurumbiza, kifua rangi ya chungwa, anapindua majani moja moja akitafuta wadudu.

Agosti. Chozi jike, wa kahawia, anavuta utando wa buibui kwenye pembe ya baraza. Kumbe ndiyo kamba yake ya kufungia kiota! Na mimi miaka yote nilikuwa naukomba kwa fagio. Kiota kinaning'inia kama kifuko kwenye kijiti juu ya kamba ya nguo, mlango ubavuni, na kijipaa juu ya mlango. Leo ameingiza unyoya mweupe wa kuku. Nguo tunaanika upande wa pili.