Karani wa Saint Lucia aliyekuja kuwa profesa Manchester

Hapa Chuo Kikuu cha Manchester kuna jengo linaitwa Arthur Lewis, na wengi wetu tunashinda humo bila kujua mwenye jina alikuwa nani. Sisi tuliotoka makoloni ya Mwingereza ndio hasa tunaopaswa kumjua.

Alizaliwa Saint Lucia, kisiwa cha Karibi, mwaka 1915. Baba alifariki mapema, mama akabaki na wavulana watano. Lewis alimaliza shule ana miaka 14, mdogo mno kufanya mtihani wa ufadhili wa kwenda Uingereza, ikabidi asubiri akiwa karani wa serikali: kupiga taipu, kupanga mafaili. Mtihani akaushinda 1932. Alitamani uhandisi, lakini nani angemwajiri mhandisi mweusi? Si serikali ya kikoloni, si wenye mashamba ya miwa. Akaenda London School of Economics kusomea biashara, na mwenyewe alisema baadaye kwamba wakati huo hakujua uchumi ni kitu gani! Mwaka 1948, akiwa na miaka 33, alikuwa profesa Manchester.

Jina alilipata kwa makala ya 1954. Swali lilikuwa hili: mbona viwanda vya Uingereza vilipoanza kushamiri, faida ilipanda miaka na miaka huku ujira umedumaa? Jibu, alieleza, lilimjia akitembea barabarani Bangkok, Agosti 1952. Kijijini watu kumi wanalima shamba ambalo sita wangelimaliza. Wanne wakiondoka, mavuno yako palepale. Kiwanda kinawachukua kwa ujira unaozidi kidogo tu riziki ya shambani, na kwa kuwa nyuma yao wapo wengine, hakina haja ya kuongeza. Faida inajenga kiwanda kingine, mpaka watu wa ziada waishe. Hapo ndipo mwajiri anapoanza kubembeleza. Sisi wageni tuliowahi kubeba maboksi zamu za usiku hatuhitaji mchoro: ukigoma kwa malipo yale, kuna mwenzako ameshavaa glavu.

Na hakukaa ofisini tu. Miaka ya 1950 alisaidia kuanzisha vituo vya Waafrika na Wakaribi hapa mjini, Moss Side na Hulme, pamoja na masomo ya jioni. Mimi hilo nalithamini kuliko cheo cha Sir alichopewa 1963.

Ghana mambo yalikuwa magumu. Nkrumah alimwita awe mshauri wa uchumi mwaka 1957. Wakapishana kuhusu miradi, na kufikia mwisho wa 1958 alikuwa ameondoka.

Tuzo ya Nobel ya uchumi ilikuja 1979, akiwa Princeton, wakagawana na mwanauchumi mwenzake Theodore Schultz. Huyu Schultz ndiye aliyempinga waziwazi, akitoa mfano wa homa ya mafua ya 1918 kule India: wakulima walikufa, na eneo lililolimwa likapungua, kwa hiyo hao wa ziada wako wapi? Kamati ikawapa wote wawili.