Hata Majivu Yavurugwe

Juzi binti yangu alikuwa na kazi ya shule kuhusu Mau Mau, akaniuliza kuhusu babu yetu, "Mama, Guka alifungwa kwa kosa gani?" Nikamjibu vile nilivyojibiwa mimi utotoni: alikula kiapo cha Mau Mau, akapelekwa kambi ya kizuizini ya Manyani. Usiku usingizi ukakataa.

Maana kosa hilo niliwahi kulitafuta, kwenye Hifadhi ya Nyaraka ya Taifa ya Uingereza huko Kew, London, mwaka 2014. Kesi ya wazee wetu wa Mau Mau dhidi ya serikali ya Uingereza ilikuwa imeshafungua milango. Mwaka 2011 serikali ya Uingereza ilikiri kwamba mafaili zaidi ya 8,000 ya makoloni yake 37 yalikuwa yamefichwa Hanslope Park, kituo cha serikali hiyo, yakiwemo yaliyotolewa Nairobi kabla ya Uhuru. Miaka yote hiyo hayakuwa kwenye orodha yoyote ya kuombea. Nikachukua kadi ya msomaji, nikaacha mkoba na kalamu za wino kwenye kabati, nikaingia na penseli.

Faili nililoletewa halikuwa la wafungwa. Lilikuwa la maagizo, karatasi nyembamba zilizopigwa taipu na kutobolewa kona ili zipitishwe uzi. Nilisoma mstari kwa mstari. Nyaraka fulani zishikwe tu na ofisa Mwingereza mwenye asili ya Ulaya. Zinazoweza kuiaibisha serikali ya Malkia zisiachiwe serikali mpya. Za kuchomwa zichomwe mpaka ziwe majivu, na majivu yenyewe yavurugwe.

Hapo nikasimama. Nikaurudia mstari ule mpaka herufi zikaanza kucheza. Moto peke yake haukumtosha aliyeandika. Alijua kuna siku tutakuja kuuliza.

Kupiga picha kunaruhusiwa, nikapiga, nikamtumia shangazi Nyeri. Akanipigia hapo hapo.

"Jina lake limo?"

"Halimo, shangazi."

"Basi walimchoma."

Sikuwa na la kumjibu. Huenda ni kweli, huenda jina la Guka liko kwenye boksi ambalo sijaliomba, na huenda hakuna aliyejisumbua kuliandika. Fidia ya Uingereza ya 2013, pauni milioni 19.9 kwa waathiriwa 5,228, ilimkuta Guka ameshazikwa. Shangazi hajawahi kuniuliza habari za pesa hizo. Anachouliza kila nikimpigia ni lini nitarudi Kew.