Siku moja maishani mwangu: uso ulioliwa na ukungu

Saa moja asubuhi niko mwaloni Kibirizi, Kigoma, kinasa sauti mkononi. Kamera nimeiacha nyumbani. Akina mama wanageuza dagaa wa jana juani, na ule mchakacho ndio nilioufuata: ukiusikiliza umefumba macho, ni chenga za televisheni ya zamani kabisa.

Saa tatu, Ujiji. Mezani kuna mkanda wa VHS wa harusi ya shangazi, 1993. Unyevu wa ziwa umeuotesha ukungu mweupe pembeni. Mkanda wa hivi hauchezwi hovyo, unachafua kichwa cha deki na unaweza kukatika. Nauzungusha kwa mkono, shubiri kwa shubiri, nikiupitisha kwenye kitambaa laini chenye spiriti. Karibu saa tatu nzima.

Saa sita deki inakubali. Ngoma, vigelegele, sinia za pilau. Halafu mwanamke aliyeketi kando ya bibi harusi: kanga yake naiona, mikono naiona, usoni chenga tupu. Ni mdogo wake bibi yangu. Mwaka uleule alipanda meli ya Liemba kwenda Mpulungu, Zambia, akaolewa huko, akazikwa huko. Picha yake nyingine hatuna.

Rafiki zangu wananiambia siku hizi kuna programu ya kuujaza uso. Sitaki. Uso utakaotoka utakuwa wa mtu mwingine, na wajukuu zake watauamini.

Saa tisa, barazani.
“Shikamoo bibi.”
“Marahaba, mume wangu.”
Namwomba anieleze sura ya mdogo wake. Ananyamaza mpaka nadhani hakunisikia. Kisha anashika kidole changu cha mwisho, anakipinda taratibu. “Chake kilikuwa hivi. Alibanwa na mlango, mimi ndiye niliyeufunga.” Tena: “Alikuwa na mwanya. Ila akicheka anaufunika na kanga, hata mimi nimeuona mara chache.”

Kwa hilo moja tu, siku yangu imelipa. Sikujua kwamba mtu anaweza kukumbuka kitu kwa jinsi kilivyofichwa.

Jioni napita bandarini kurekodi maji. Kila nikifika hapa naiwaza Liemba. Wajerumani waliizamisha wenyewe 1916, lakini kwanza wakazipaka injini grisi nzito zisiliwe na kutu. Waingereza wakaiibua 1924, na 1927 ikarudi kazini kwa jina jipya. Ile grisi ndiyo kazi ninayojaribu kuifanya.

Saa mbili usiku natundika uani kisutu cha bibi, kilekile cha harusi ile, na kuwasha projekta. Watu wa 1993 wanatembea juu ya nyekundu na nyeusi. Zinapofika chenga, chini unasikika mchakacho wa dagaa, juu yake sauti ya bibi: kidole, mlango, mwanya.

Bibi anavuta pindo la kanga, anafunika mdomo. Yeye mwanya hana.

Nanyoosha mkono nirudishe nyuma.

“Iache iende, mume wangu.”