Antivirusi inapozuia programu halali: jinsi ya kuirudisha

Programu iliyofunguka jana leo haifunguki, na faili lake la .exe halionekani. Kwa kawaida halijafutwa, limetiwa karantini, yaani antivirusi imelifungia kando lisifanye kazi. Hutokea sana baada ya programu kujisasisha: faili jipya bado halijulikani kwa antivirusi, au limebanwa kwa mbinu ambayo virusi pia hutumia, basi antivirusi inalishuku.

Usizime ulinzi wote. Pakua upya kisakinishi kutoka tovuti ya mtengenezaji mwenyewe, usikifungue. Kwenye Windows, andika katika dirisha la amri, ukiweka jina la kisakinishi badala ya jina.exe:

certutil -hashfile jina.exe SHA256

Linganisha alama 64 zitakazotokea (ni kama alama ya kidole ya faili) na zile alizochapisha mtengenezaji, kisha zitafute VirusTotal, tovuti inayokagua faili kwa antivirusi nyingi. Antivirusi moja au mbili kati ya hizo zikilalamika kwa jina la jumla lenye "Heur" (kisio) au "Gen" (la jumla), huenda ni kengele ya uongo. Zikilalamika nyingi, achana na faili hilo.

Kisakinishi kikiwa safi, ingia kwenye historia ya ulinzi ya antivirusi, urejeshe faili la programu lililotiwa karantini. Likinaswa tena, ongeza njia kamili ya faili hilo (anwani ya mahali lilipo kwenye kompyuta) kwenye orodha ya visivyokaguliwa. Faili hilo tu! Kuruhusu folda nzima ya vipakuliwa ni kuacha mlango wazi. Programu ikiendelea kugoma, huenda faili za .dll, yaani faili saidizi za programu, zilinaswa pia; isakinishe upya.

Mtumie mtengenezaji wa antivirusi faili hilo kama kosa la utambuzi. Akisharekebisha, sasisha antivirusi na uondoe ruhusa uliyoweka.