Verdun: mifupa dirishani na mita ya teksi

Jamani, nilikwenda Verdun, Ufaransa, palipopiganwa vita kubwa ya Wafaransa na Wajerumani mwaka 1916, Vita Kuu ya Kwanza. Stesheni ya treni iko katikati ya mashamba, Verdun yenyewe mpaka upande basi, na kutoka mjini kwenda Douaumont, kwenye jengo la mifupa ya askari, siku ile basi hakuna. Dereva teksi akanitajia bei ambayo Dar nakodi gari siku mbili na mafuta juu. Bahati kulikuwa na mzee wa Kijerumani naye kakwama, tukachangia.

Njiani msitu tu, mzuri kweli, kumbe chini ni mashimo matupu na mabomu ya 1916 bado yamo, kuna sehemu hukanyagi.

Kwenye jengo la mifupa watu wanaingia kusoma majina ukutani. Mzee akanizungusha nyuma, kuna vidirisha viko chini kabisa, mpaka uiname. Nikainama. Mifupa ya mapaja imerundikwa kama kuni za kuuza, mafuvu kivyake, moja lina tundu juu ya jicho. Watu 130,000 wako humo, Mfaransa na Mjerumani wamechanganyika. Mzee akasema babu yake alipotelea huku mwezi wa sita, "labda huyu, labda yule", akacheka kidogo, mi hata sikujua nicheke au nitoe pole.

Na ni kwa faida gani? Februari mpaka Desemba, wafu kama laki tatu, mwisho Wafaransa wakarudisha sehemu kubwa ya eneo lililotekwa. Jenerali Falkenhayn, mkuu wa Wajerumani, baadaye aliandika eti lengo lilikuwa kuwakamua Wafaransa damu, hesabu ambayo hata mama ntilie angeikataa maana Wajerumani wenyewe walikufa karibu sawa. Kijiji cha Fleury kilitekwa na kurudishwa mara 16, leo ni vibao tu: hapa mwoka mikate, hapa shule.

Makaburi ya askari Waislamu wa jeshi la Ufaransa yameelekezwa Makka. Na Wafaransa walipoikomboa ngome ya Douaumont Oktoba 24 walikuwemo Wasomali wa Djibouti, hiyo shule hawakutuambia. Ndo nikaanza kuwaza kwetu, miaka hiyohiyo wapagazi wanakufa kwa maelfu kwa kuhara na njaa huku wamebeba mizigo ya vita ya wazungu, kambi yao ilikuwa Kariakoo, leo tunauziana vitenge pale pale. Mzee akauliza mnawakumbukia wapi. Nikamwambia kuna sanamu ya askari mjini, kashika bunduki. Akauliza, na wabeba mizigo?

Kabla sijajibu dereva akapiga honi, kumbe muda wote ule mita ilikuwa inatembea, na hiyo nyongeza nusu ikawa yangu.